BABU WA SINEMA ALIYEIFICHA FILAMU YAKE MPAKA AFE

KAMA unadhani mtu akigonga miaka 60 kazi yake ni kucheza bao tu, basi humjui Manoel de Oliveira. Mreno huyu alizaliwa mjini Porto, Desemba 11, 1908, enzi za sinema bubu. Septemba 2014 filamu yake fupi ilionyeshwa kwenye tamasha la Venice, mwenyewe akiwa na miaka 105! Sisi vijana tunalalamika mgongo tukiwa na 25.

Ujana wake aliuponda sawasawa. Baba mtu alikuwa na kiwanda, pesa ipo, hivyo jamaa akawa mwanasarakasi na dereva wa magari ya mashindano. Mwaka 1933 aliuza sura kama mwigizaji kwenye ‘A Canção de Lisboa’. Lakini kilichomtia wazimu hasa ni kamera. Filamu yake ya kwanza, kuhusu watu wa kazi ngumu kando ya mto Douro, ilitoka mwaka 1931. Wareno wenzake wakaizomea, wageni wakaisifia. Nabii hakubaliki kwao, mnajua wenyewe.

Mwaka 1942 akatoa ‘Aniki-Bóbó’, hadithi ya watoto wa mtaani Porto. Haikuuza. Baada ya hapo, hebu fikiria, miaka 21 ikapita bila kutoa filamu ndefu nyingine ya hadithi! Ureno ilikuwa mikononi mwa dikteta Salazar, na asiyependwa na wakubwa hakupata hela ya kutengeneza sinema. Mshikaji akarudi kwenye kiwanda cha familia na mashamba ya mizabibu.

Ila hakulala. Mwaka 1955 alifunga safari hadi Ujerumani kujifunza mambo ya filamu za rangi, akarudi na kamera yake, na mwaka uliofuata akatoa ‘O Pintor e a Cidade’, picha akipiga mwenyewe. Mwaka 1963 akatoa ‘Acto da Primavera’, nayo kaipiga kwa mkono wake, akiwarekodi wanakijiji wakiigiza mateso ya Yesu. Siku moja baada ya onyesho akafungua mdomo, polisi wa siri wakamtia ndani siku kadhaa.

Yalipokuja mapinduzi ya 1974 ungedhani mambo yamenyooka. Wapi! Kiwanda cha familia kikaanguka, madeni yakamwandama, na nyumba aliyoishi kama miaka 40 ikabidi iuzwe.

Cha ajabu, uzee ndio uliompa chati. Kuanzia 1990 alikuwa akitoa karibu filamu moja kila mwaka. Mwaka huo huo wa 1990 alitoa ‘Non’, ambamo askari wa Kireno walioko vitani Afrika wanasimuliana jinsi taifa lao lilivyopigwa huko nyuma. Marcello Mastroianni, staa mkubwa wa Italia, alicheza filamu yake ya mwisho kwa mzee huyu. Mwaka 2008 Cannes wakampa Palme ya heshima.

Na ile nyumba? Kabla ya kuondoka, mwaka 1982, aliipiga filamu, akakaa mbele ya kamera na kueleza maisha yake, mkewe Maria Isabel naye yumo. Akaagiza isionyeshwe mpaka yeye afe. Watu walingoja miaka 33. Alifariki Aprili 2, 2015, akiwa na 106, na mwezi uliofuata wakazi wa Porto wakaingia ukumbini kumsikiliza.