Mary Shelley, mama aliyeandika woga wake



Juma hili tunawaletea maisha ya mwanamke wa Uingereza wa zamani, Mary Shelley. Pengine jina lake hamjalisikia, lakini jitu alilolitunga mnalijua. Ni lile la filamu, lenye mishono usoni, ambalo watoto wetu wanaliita Frankenstein. Hapo watu wanakosea: Frankenstein ni jina la mtu aliyelitengeneza lile jitu. Jitu lenyewe halikupewa jina. Na wengi wanadhani kitabu cha kutisha namna ile kiliandikwa na mwanaume. Kumbe aliyekianza alikuwa msichana wa miaka 18, ambaye alikuwa amekwisha kuzika mtoto mmoja na alikuwa analea wa pili.

Alizaliwa katika msiba

Mary alizaliwa London tarehe 30 Agosti 1797. Mama yake, Mary Wollstonecraft, alikuwa mwandishi. Mwaka 1792 alitoa kitabu cha kutetea haki za wanawake, akidai wasichana wasomeshwe sawa na wavulana. Alijifungua, lakini kondo la nyuma halikutoka. Daktari akaitwa, akalitoa vipande vipande kwa mkono. Zamani zile waganga hawakujua habari ya vijidudu, na kunawa mikono kabla ya kumgusa mzazi haikuwa sheria. Homa ya uzazi ikamshika. Siku ya kumi na moja akafariki. Wakunga wa materniti zetu wanaijua homa hiyo, ndiyo maana wanatugombeza juu ya usafi na juu ya kuzalia nyumbani.

Baba yake, William Godwin, naye alikuwa mwandishi. Alioa tena, na Mary hakupatana na mama wa kambo. Alizoea kuchukua vitabu vyake na kwenda kusomea penye kaburi la mama yake, ambaye alichukua jina lake bila kumjua sura.

Kutoroka, na mtoto wa kwanza

Mwezi wa Julai 1814, akiwa na miaka 16, Mary alitoroka na kijana mshairi, Percy Bysshe Shelley. Hapa hatufichi kitu: Percy alikuwa na mke, Harriet, mwenye mtoto mmoja na mimba ya wa pili. Desemba 1816 mwili wa Harriet ulikutwa majini London. Kabla mwezi ule haujaisha, Percy na Mary walifunga ndoa. Miaka mingi baadaye Mary aliandika katika kaye yake kwamba huzuni nyingi alizozipata aliziona kama malipo ya kifo cha Harriet. Hakujitetea.

Februari 1815 alizaa mtoto msichana kabla ya wakati wake. Hakumaliza majuma mawili. Asubuhi moja mama yake alimkuta amekufa. Siku chache baadaye Mary aliandika ndoto aliyoiota: mtoto hakuwa amekufa, alikuwa amepata baridi tu. Wakamsugua karibu na moto, akafufuka. Kisha Mary akaamka, akakuta hakuna mtoto.

Ni wangapi kati yetu wameota ndoto ya namna hiyo? Na ni wangapi waliambiwa, "Nyamaza, Mungu atakupa mwingine"?

Majira ya mvua na giza

Januari 1816 akazaliwa William. Mwaka ule ule wazazi walienda naye Geneva, Uswisi, kukaa karibu na ziwa. Ilipaswa kuwa miezi ya jua, lakini mvua ilinyesha bila kukatika na baridi ilikuwa kali. Mwaka uliotangulia mlima wa moto uitwao Tambora, katika nchi tunayoiita leo Indonesia, ulikuwa umelipuka, na vumbi lake likafunika jua hata Ulaya. Wenzetu wa Goma hawahitaji kufundishwa nguvu ya mlima wa moto.

Jirani yao alikuwa mshairi Byron. Jioni walikaa kando ya moto wakisoma hadithi za mizimu. Byron akasema kila mmoja atunge yake. Siku zikapita, Mary hana kitu. Kila asubuhi wanaume wanamwuliza, kila asubuhi anajibu bado. Usiku mmoja walizungumza juu ya asili ya uhai, na kama nguvu ya umeme ingeweza kuamsha mwili uliokufa. Alipolala, akaona katika mawazo yake kijana msomi amepiga magoti kando ya kitu alichokitengeneza, na kitu kile kinaanza kutikisika.

Ndipo akaanza kuandika. Kitabu kilitoka London tarehe 1 Januari 1818, nakala 500, bila jina la mwandishi. Dibaji iliandikwa na Percy, na wasomaji wengi wakaamini kazi yote ni ya kwake.

Kinachotisha kweli katika kitabu hicho

Mwenye kuona filamu tu atadhani kinachotisha ni jitu. Lakini tusikie hadithi yenyewe. Victor Frankenstein, mwanafunzi wa chuo kikuu, anakusanya viungo vya maiti na kutengeneza kiumbe. Kiumbe kinapofungua macho, Victor anaona kibaya, anakimbia. Hakipi chakula, wala nguo, wala jina. Kinabaki peke yake msituni. Kinajificha karibu na nyumba ya familia moja maskini, kinawachungulia kwenye ufa wa ukuta, kinajifunza kusema kwa kusikiliza, na usiku kinawaletea kuni. Kinapojionyesha wanakipiga na kukifukuza. Hapo ndipo hasira inapoingia. Mtu wa kwanza kinayemwua ni mtoto, mdogo wake Victor. Na Mary alimpa mtoto huyo jina la William, jina la mwanawe mwenyewe.

Kwa hiyo sisi wamama tunakisoma kitabu hiki kwa njia yetu. Kinauliza: mwenye kuleta uhai duniani halafu akaukimbia, nani ni jitu hapo? Tunawaona watoto wa barabarani, wanaoitwa wachawi, wanaofukuzwa nyumbani kwa sababu ya sura au ugonjwa. Kiumbe cha Mary hakikuzaliwa na ubaya. Kilifundishwa ubaya kwa kufukuzwa.

Makaburi ya Italia

Familia ilihamia Italia. Septemba 1818, mtoto wa tatu, Clara, aliugua safarini na kufia Venice, akiwa na umri wa mwaka mmoja tu. Juni 1819, William akafa Roma kwa malaria, akiwa na miaka mitatu. Malaria, wamama, ugonjwa ule ule unaotulaza kando ya vitanda vya watoto wetu. Mary alikuwa amezaa mara tatu na mikono ilikuwa mitupu. Mwezi wa Novemba akazaliwa Percy Florence, na huyo ndiye aliyebaki.

Juni 1822 mimba nyingine ilitoka, damu ikamwagika karibu imwue. Mumewe alimkalisha katika barafu mpaka damu ikakatika. Majuma machache baadaye, tarehe 8 Julai, mumewe mwenyewe akazama baharini na mashua yake. Mary akawa mjane, hajatimiza miaka 25.

Mjane, mkwe na minervali

Baba mkwe wake, Sir Timothy, alikuwa tajiri. Alisema atamtunza mjukuu, mradi mama amtoe akalelewe na mtu mwingine. Mary akakataa. Akarudi Uingereza na mtoto wake. Mwishowe mkwe alikubali kutoa fedha kidogo kila mwaka, lakini kama mkopo wa kulipwa kutoka urithi, na kwa sharti kwamba Mary asiandike maisha ya mumewe. Jina la Shelley lilipotajwa magazetini mwaka 1826, fedha zikasimamishwa kwa muda. Wajane wengi wanaosoma hapa wanaijua hadithi hiyo bila kusimuliwa.

Basi Mary aliishi kwa kalamu. Mwaka 1823 alitoa *Valperga*, riwaya ya Italia ya kale: mwanamke anayetawala ngome anapendwa na shujaa wa vita, lakini anachagua uhuru wa watu kuliko mapenzi. Fedha za kitabu hicho alimpa baba yake aliyebanwa na madeni. Mwaka 1826 alitoa *The Last Man*, juu ya ugonjwa wa kuambukiza unaomaliza watu wote duniani hadi abaki mmoja. Sisi tuliopita katika Ebola na korona tunaelewa woga huo.

Mwaka 1830 alishika fumbo la historia. Mwaka 1483 watoto wawili wa mfalme walifungiwa katika Mnara wa London na hawakuonekana tena. Miaka minane baadaye kijana mmoja alitokea Ireland, akasema yeye ndiye yule mdogo. Wakubwa walimwita mwongo, Perkin Warbeck, na mwaka 1499 akanyongwa. Mary alisoma historia za zamani, kisha akaandika riwaya iliyomchukua kijana yule kuwa mwana wa mfalme kweli. Alikuwa upande wa mtoto aliyekataliwa, kama katika kitabu cha kwanza.

Mwaka 1833, ili kupunguza gharama za masomo, alihamia Harrow, penye shule ya mwanawe, kijana asome akilala nyumbani. Kijana alisoma mpaka chuo kikuu cha Cambridge. Alipokufa babu mwaka 1844, alirithi mali, na mama akapumzika. Alikaa na mwanawe na mkwe wake wa kike kwa upendo.

Mary alifariki tarehe 1 Februari 1851, akiwa na miaka 53. Mwaka mmoja baadaye, watoto wake walifungua sanduku la meza yake ya kuandikia. Walikuta nywele za watoto wake waliokufa. Alikuwa amezitunza miaka zaidi ya thelathini.

Hakusahau, wala hakuna aliyemlazimisha asahau. Aliandika. Si kila mama atatoa kitabu, lakini kaye moja na biki moja tunaweza kununua, na mwenzetu wa kikundi anaweza kutusikiliza.

Maswali ya mazungumzo katika kikundi

1. Mama akifiwa na mtoto mchanga katika mtaa wetu, tunamwachia nafasi ya kulia na kumtaja mtoto wake, ao tunamnyamazisha?
2. Mjane akidaiwa watoto na ukoo wa mume, kikundi chetu kinaweza kumsaidia namna gani?
3. Ni mtoto gani karibu nasi aliyekataliwa, na nani atamwita kwa jina lake?

Mleteni majibu kwenye mkutano ujao. Kaeni na amani.