Mpala, Kijiji cha Ziwa Tanganika

Tazameni ramani ya Kongo upande wa mashariki. Ziwa Tanganika ni lile refu na jembamba. Urefu wake unakaribia kilometa 670, na kina chake kinapita meta 1400. Duniani kote ni ziwa Baikal peke yake lenye kina kikubwa zaidi. Sasa shukeni kwa kidole toka Kalemie kwenda kusini mpaka Moba. Kabla ya kufika Moba, pale mto Lufuko unapoingia ziwani, kuna kijiji. Hicho ndicho Mpala. Katika ramani nyingi hamtaliona jina lake.

Mpala si mji. Hapana meya wala baraza la mji. Watu huongozwa na mkubwa wa kijiji na chifu, nao wamo katika teritware ya Moba, jimbo la Tanganika. Mbele yao ni maji, nyuma yao ni milima. Kusini milima hiyo inakuwa nyanda za juu za Marungu, zinazopita meta 2000. Mvua hunyesha toka mwezi wa kumi au wa kumi na moja mpaka wa nne. Halafu kiangazi kinaingia, upepo mkali wa kusini unavuma, na mawimbi hupiga pwani kama kwenye bahari. Siku hizo mwenye mtumbwi mdogo hukaa nyumbani.

Wenyeji wa nchi hiyo ni Watabwa. Jina la kijiji ni jina la mtu: Mpala alikuwa chifu wa hapo zamani za babu. Wakati wake nchi ilikuwa na hofu nyingi. Wafanya biashara wenye bunduki walitafuta pembe za ndovu na watumwa. Watu walishikwa usiku, wakafungwa shingoni, wakavushwa ziwa mpaka Ujiji, na toka huko wakaenda kwa miguu mpaka pwani ya bahari. Machifu wengine waliwasaidia washikaji, maana kwa watumwa walipata bunduki na baruti. Mmoja wa hao alikuwa Lusinga, chifu mwenye nguvu aliyekaa milimani.

Mwaka 1883, mwezi wa tano, akaja askari mkubwa Mbelgiji, jina lake Émile Storms. Alitoka ng'ambo ya ziwa, Karema, ambayo leo ni katika Tanzania. Alitumwa na chama cha mfalme Leopold II. Mpala alimpokea, wakafanya udugu wa damu. Kila mmoja alikuwa na haja yake: Mpala alitaka rafiki mwenye bunduki, na Storms alitaka mahali pa kujenga. Akajenga boma lenye kuta nene karibu na mto. Baadaye Mpala alishikwa na ndui, akafa, lakini jina lake lilibaki.

Storms na Lusinga hawakuweza kukaa pamoja. Mwezi wa kumi na mbili mwaka 1884 watu wa Storms walipanda mlimani, wakamwua Lusinga na kukata kichwa chake. Wengine husema ilikuwa kwa sababu ya biashara ya watumwa. Hiyo ni nusu ya habari. Storms alitaka pia kutawala, naye hakutaka chifu wa kumshinda kwa nguvu. Aliporudi Ulaya alichukua fuvu la Lusinga pamoja na sanamu ya mti iliyochongwa kwa heshima ya wazee wake. Fuvu likawekwa katika majumba ya makumbusho ya Ubelgiji kwa miaka mingi, na sanamu ikawekwa Tervuren. Huko Bruxelles watu walikuwa wamemjengea Storms sanamu yake mwenyewe katika bustani ya mji. Mwaka 2022 iliondolewa.

Mwaka 1885 mfalme Leopold aligeuza macho yake kwenye mto Kongo, akaacha mambo ya ziwa. Boma la Mpala wakapewa Mapadri Weupe. Walifika mwezi wa saba mwaka huo, nao wakakuta si nyumba tu. Walikuta askari na watu waliozoea kumwona mwenye boma kama chifu. Kazi hiyo haikuwa ya padri. Kwa hiyo mwaka 1887 akaja Léopold Joubert, Mfaransa aliyekuwa zamani askari wa Papa. Alikusanya vijana, akawafundisha vita, akawapigania wanakijiji na washikaji watumwa. Hakurudi kwao tena. Alioa mwanamke wa nchi, Agnes Atakaye, akazeeka, akapofuka, akafa huku mwaka 1927.

Katika siku za hatari watu wengi walikimbilia Mpala. Wengine walikuwa watoto waliokombolewa, wasiojua wazazi wao wako wapi. Ndiyo maana watu wa Mpala si wa kabila moja tu. Askari wa mabwana wa kwanza walileta Kiswahili, na wale waliotoka mbali wakasikilizana kwa lugha hiyo. Kitabwa hakikufa, hunenwa nyumbani.

Mpala palikuwa pia na shule ya vijana waliotaka upadri. Mmoja wao, Stefano Kaoze, alipewa upadri mwaka 1917 huko Baudouinville, mji unaoitwa leo Moba. Alikuwa Mkongo wa kwanza kupadirishwa katika nyakati hizi zetu.

Mtauliza: mahali palipoanza mapema hivi, mbona pamebaki kijiji? Askofu alikaa Baudouinville, na shule kubwa zikamfuata. Halafu njia ya reli ikafika ziwani mwaka 1915, lakini Albertville, yaani Kalemie ya leo. Penye gari la moshi na meli ndipo biashara inapokwenda. Mpala ikapitwa pande zote mbili.

Vita vilivyoanza mwaka 1998 viliwatawanya watu wa teritware ya Moba. Wengi walikimbilia Zambia, wakakaa kambini miaka. Kuanzia mwaka 2007 meli ziliwarudisha wengi toka Mpulungu mpaka Moba, na watoto waliozaliwa ugenini wakaona kwa mara ya kwanza mashamba ya babu zao.

Mashamba hayo hutoa muhogo na mahindi. Unga ni wa bukari, majani ya muhogo ni ya sombe, na kitoweo hutoka ziwani: mikebuka na ndagala. Ndagala huvuliwa usiku wa giza. Wavuvi huwasha taa juu ya maji, samaki hukusanyika chini ya mwanga, na nyavu huwapandisha. Asubuhi wanawake huwaanika mchangani. Lakini mwezi ukiwa mkubwa taa hazina kazi, na wavuvi hulala.