Kikomo cha Mwanga na Kimelea cha Malaria

Kimelea cha malaria kinapotafuta chembe nyekundu ya damu ya kuingia huwa na urefu wa kati ya maikromita moja na mbili. Chembe yenyewe ina upana wa maikromita saba au nane. Katika maabara za hospitali za Kisii na Nyamira nchini Kenya, ingawa vipimo vya haraka vimeenea, vitu vyote viwili huonekana kwa hadubini ya kawaida. Mgonjwa hudungwa kidole, tone la damu hutandazwa kwenye slaidi na kutiwa rangi ya Giemsa iliyobuniwa mwaka 1904, kisha hutazamwa kwa lenzi ya mafuta. Ukuzaji wa mara 1,000 hutosha kuonyesha pete ndogo ya buluu yenye kitone chekundu. Jinsi kimelea kilivyoingia ndani ya chembe haionekani hapo.

Kinachozuia si ubovu wa lenzi. Mwaka 1873 Mjerumani Ernst Abbe alieleza kwamba mwanga, kwa kuwa husafiri kama mawimbi, hutawanyika kila unapopita kwenye lenzi, na nukta hugeuka doa. Nukta mbili zikikaribiana kuliko takriban nusu ya urefu wa wimbi, madoa yao huungana. Kwa mwanga wa kijani kikomo hicho ni nanomita 200 hivi, yaani moja ya tano ya maikromita. Kuongeza ukuzaji zaidi ya hapo ni kukuza ukungu tu. Kutoka ncha hadi ncha ya kimelea hupata nafasi madoa matano hadi kumi, ilhali kwenye ncha yake ya mbele kuna vifuko vya protini za kupenyea ambavyo ni vidogo mno kwa kipimo hicho. Hadubini ya elektroni huviona, lakini sampuli yake huwa imekufa na kukaushwa, na kufuatilia protini moja mahususi ndani yake ni kazi ngumu.

Njia ya kukwepa kikomo ilitokana na rangi zinazong'aa zikipigwa na mwanga, ambazo hubandikwa kwenye protini inayotafutwa. Mtu akitazama ukingo wa Manga kutoka mbali usiku, taa za nyumba zilizobanana huonekana kama mng'ao mmoja. Zingewashwa moja moja kwa zamu, angeweza kuweka alama katikati ya kila mng'ao na kupata ramani ya nyumba zote. Ndivyo alivyofanya Mmarekani Eric Betzig mwaka 2006. Molekuli chache huwashwa, mahali pake hupimwa, huzimwa, nyingine huwashwa, na kompyuta huunganisha maelfu ya picha. William Moerner alikuwa amefungua mlango huo mwaka 1989 kwa kuipima molekuli moja peke yake.

Stefan Hell, mzaliwa wa Romania anayefanya kazi Ujerumani, alipita kwingine. Katika wazo alilolichapisha mwaka 1994, leza moja huwasha rangi na leza ya pili, yenye umbo la pete, huzima mng'ao wote wa pembeni, ukabaki wa katikati tu. Watatu hao walituzwa Nobel ya Kemia mwaka 2014. Sheria ya Abbe haikuvunjwa: lenzi bado hutoa doa lile lile, ila majirani hawaachwi wang'ae pamoja.

Kwa malaria, faida ilionekana upesi. Mwaka 2011 watafiti wa Australia, wakitumia hadubini za kizazi hiki, walionyesha pete ya protini inayojengeka pale kimelea kinapoishika chembe, kisha kuteleza kutoka mbele hadi nyuma huku kimelea kikizama ndani. Hatua hii ya kupenya ina uzito kwa wanasayansi wa chanjo, kwa kuwa protini za kupenyea, kama ile iitwayo RH5, zimo katika majaribio. Ina uzito pia kwa nyanda za juu kama za Kisii na Nyamira. Baridi ya vilima vya Gusii hupunguza mbu, hivyo watu wengi hawajengi kinga, na malaria inapopanda baada ya masika huwaangusha watu wazima pamoja na watoto. Ndivyo ilivyokuwa katikati ya mwaka 2002 katika wilaya za Kisii na Gucha.

Mashine hizi ni ghali, na leza zake kali huweza kuua seli hai. Pengine njia ya kuaminika zaidi kwa vyuo vya kanda hii ni ile iliyotangazwa mwaka 2015 na kundi la Ed Boyden huko Marekani, ambayo haiigusi hadubini kabisa: hutanua sampuli. Seli hujazwa jeli ya aina inayofyonza maji ndani ya nepi za watoto, kisha hutiwa maji, ikavimba zaidi ya mara nne kila upande. Vitu vilivyobanana hutengana, na sehemu ndogo za nanomita 70 hivi huonekana kwa hadubini ya kawaida ya rangi zinazong'aa. Mbinu hii imekwisha kutumika kwa vimelea vya malaria. Bado inahitaji kingamwili zinazohifadhiwa kwenye baridi, na haiwezi kutumika kwa seli hai.

Hakuna kati ya mbinu hizi inayochukua nafasi ya slaidi ya Giemsa. Pete ya kimelea ni kubwa kuliko kikomo cha Abbe, na mgonjwa anapokosa jibu sahihi, mara nyingi chanzo huwa rangi iliyochakaa, lenzi chafu au macho yaliyochoka kwa foleni ndefu.