Nakala Moja, Wachezaji Watatu

Laptopu tatu ziko mezani, Wi-Fi inashika vizuri, na mmoja kati ya vijana watatu amenunua gemu. Wenzake wanataka kuingia naye katika dunia ileile: wakate miti, wachimbe mawe, wajenge kibanda kabla giza halijaingia na mazombi hayajaanza kuzunguka. Je, nakala hiyo moja inatosha?

Swali linasikika kuwa moja, lakini limebeba matatu. La kwanza ni njia: kompyuta hizi zitawasilianaje? La pili ni utambulisho: gemu itajuaje nani ni nani? La tatu ni ruhusa: mwenye gemu ameruhusu watu wangapi kwa pesa iliyolipwa? Mtandao wa ndani, ule ambao wachezaji huuita LAN, hujibu la kwanza peke yake. Wengi hukesha wakihangaika na ruta, kumbe kilichowakwamisha ni la pili au la tatu.

Njia haihitaji intaneti

Gemu nyingi za kunusurika zimejengwa kwa mtindo mmoja. Kompyuta ya mwenyeji ndiyo inayoshika dunia yote: mti upi umekatwa, sanduku lipi lina makaa, zombi amesimama wapi. Kompyuta za wageni huchora dunia hiyo kwenye skrini zao na kupeleka maombi. Mgeni akipiga shoka, laptopu yake haina mamlaka ya kuangusha mti. Inamwarifu mwenyeji kwamba pigo limetua mahali fulani, mwenyeji anakubali au anakataa, kisha anawatangazia wote kilichotokea. Kinachosafiri kati yao ni taarifa fupifupi za mahali na matendo, wala si video, ndiyo maana hata ruta ya bei rahisi huzimudu.

Minecraft, gemu ya kampuni ya Mojang ya Sweden iliyotoka rasmi Novemba 2011, ni mfano mzuri. Tangu toleo la 1.3 la Agosti 2012, hata ukicheza peke yako kwenye kompyuta, kwa ndani inaendeshwa seva ndogo, nawe ni mgeni wake wa kwanza. Ukifungua dunia yako kwa mtandao wa ndani, unachofanya ni kuiruhusu seva hiyo ipokee wengine. Kuanzia hapo kompyuta yako hutoa tangazo kila baada ya sekunde moja na nusu kwenda anwani ya pamoja, 224.0.2.60, likitaja jina la dunia na namba ya mlango wa kuingilia, ambao mafundi huuita poti. Gemu za wageni husikiliza tangazo hilo, na dunia yako hujitokeza kwenye orodha yao bila mtu kuandika chochote.

Isipojitokeza, kuna washukiwa wawili wa kuanza nao. Wa kwanza ni Windows: mtandao ukisajiliwa kama wa hadharani, kompyuta huziba wageni wasiojulikana, kwa hiyo uubadilishe uwe wa binafsi, na uiruhusu gemu pale ulinzi wa Windows unapouliza. Wa pili ni ruta yenyewe. Hosteli, hoteli na vyuo vingi huweka mpangilio unaozuia kifaa kimoja kuona kingine, ingawa vyote vinapata intaneti. Hapo hakuna ujanja wa ndani ya gemu utakaosaidia. Hamieni mtandao mwingine.

Mtandao huo mwingine unaweza kuwa simu. Washa hotspoti, unganisha laptopu zote, kisha tafuta anwani ya mwenyeji kwa kuandika ipconfig kwenye dirisha la amri la Windows. Mara nyingi utaona kitu kama 192.168.1.7. Anwani zinazoanza na 192.168 zimetengwa kwa mitandao ya ndani, na mawasiliano kati yake hayatoki kwenda kwa kampuni ya simu. Kucheza hivyo hakuli bando. Kinacholila ni laptopu zenyewe, zinazoona Wi-Fi na kuanza kupakua masasisho kimyakimya. Simu yako ikiruhusu, zima data yake na uache hotspoti ikiwaka, mchezo utaendelea.

Akaunti hufanya kazi mbili

Sasa njia imepatikana, mgeni anabofya kuingia, na gemu inamkatalia. Mara nyingi hapa ndipo ile nakala moja inapoonekana. Mkiingia Minecraft kwenye laptopu mbili kwa akaunti moja, mwenyeji atamwambia mgeni kwamba jina hilo tayari linatumika. Kwenye seva inayojitegemea, anayeingia wa pili humtoa wa kwanza.

Wengi huona hili ni uroho wa wauzaji, lakini akaunti ina kazi mbili, na moja haihusiani na biashara. Katika folda ya dunia yako, kila mchezaji ana faili lake, na jina la faili ni namba ndefu ya utambulisho wake. Humo mna mfuko wake, afya yake, njaa yake, na mahali aliposimama alipotoka. Wachezaji wawili wenye utambulisho mmoja wangekuwa na mfuko mmoja na mwili mmoja, na dunia haiwezi kuchora mwili mmoja sehemu mbili.

Kazi ya pili ndiyo ya biashara: akaunti inathibitisha kuwa mtu amelipa. Mwenyeji huuliza seva za kampuni kama mgeni ni yule anayejitaja. Programu ya seva ya Minecraft, ambayo Mojang huitoa bure, ina kipengele cha kuzima uhakiki huo. Anayekizima hupata pia madhara yake: yeyote anaweza kujiita jina la mwenzake na kuchukua mfuko wake, na namba za utambulisho hutengenezwa upya kutokana na majina, kwa hiyo wachezaji wa zamani hurudi mikono mitupu. Isitoshe, kuzima uhakiki hakumpi leseni mtu asiyekuwa nayo.

Kwa wenye akaunti halali, kuna tahadhari moja kabla ya kwenda mahali pasipo na intaneti. Kila mmoja aingie kwenye akaunti yake na aifungue gemu walau mara moja angali na mtandao, ili faili zote zipakuliwe na programu imtambue.

Ruhusa ilivyokuwa na ilivyo

Nakala ya gemu ni kama kadi ya harusi iliyoandikwa mtu mmoja: ukumbi unaweza kuwa mkubwa na viti vikabaki vitupu, lakini kadi haigeuki kuwa ya watu watatu. Anayeweza kuandika kadi upya ni mwenye shughuli, na wapo waliowahi kufanya hivyo.

StarCraft ya Blizzard, iliyotoka mwaka 1998, ilikuwa na namna maalumu ya kuisakinisha kwenye kompyuta za marafiki kutoka kwenye diski moja. Waliosakinishiwa hawakuweza kucheza hadithi ya mchezaji mmoja, lakini waliweza kujiunga na mechi ya mwenye diski. Hesabu ya kampuni ilieleweka: anayeionja gemu kwa rafiki huenda akanunua yake. Mwaka 2004 konsoli ya mkononi ya Nintendo DS ilikuja na wazo la aina hiyo, ambapo kifaa chenye gemu kilirushia vifaa vya jirani sehemu ya kuchezea pamoja bila waya. Upepo ulipobadilika ulivuma kinyume: StarCraft II ya mwaka 2010 ilitoka bila mtandao wa ndani kabisa, kila mchezaji akilazimika kupitia seva za kampuni.

Siku hizi wengi huweka matumaini kwenye maktaba ya familia ya duka la gemu la Steam, iliyoanza rasmi Septemba 2024. Watu hadi 6 wa kaya moja huweza kutumia gemu za wenzao. Lakini soma sharti lake: nakala moja huchezwa na mtu mmoja kwa wakati mmoja. Dada anaweza kucheza gemu nyingine ya kaka yake wakati kaka yuko kwenye gemu ya kunusurika ya Valheim. Hawawezi kukutana ndani ya Valheim hadi familia iwe na nakala mbili. Mpango huo hurahisisha kuazimana. Kucheza pamoja ni jambo jingine.

Duka la GOG huuza gemu zisizo na kufuli, ambazo husakinishwa bila kuuliza seva yoyote. Hapo pia watu huchanganya. Kukosekana kwa kufuli kunakuwezesha kutunza faili lako na kulitumia miaka mingi hata duka likifungwa, lakini leseni inabaki ya mnunuzi.

Nakala zilizovunjwa kufuli na kusambazwa kwa flashi zina tatizo zaidi ya sheria. Aliyevunja kufuli alibadilisha programu, na unayeipokea huna namna ya kujua alibadilisha nini kingine. Laptopu hiyohiyo ndiyo yenye barua pepe na kazi zako za chuo.

Pale nakala moja inatosha kweli

Njia ya kwanza halali ni skrini moja. Minecraft kwenye PlayStation, Xbox na Switch hugawanya skrini hadi watu 4, na gemu ya Don't Starve Together ya konsoli huruhusu wawili. Hapa konsoli ni moja, gemu moja, pedi nyingi, na hakuna mtandao wa kusumbua. Gharama yake ni kwamba kila mchezaji anapata kipande cha televisheni, na maandishi madogo huwa shida kuyasoma.

Njia ya pili ni wauzaji wanaotoa zaidi ya nakala moja. Kwa muda mrefu aliyenunua Don't Starve Together kwenye Steam alipewa nakala ya pili ya kumzawadia rafiki. Hiyo ni ruhusa iliyoandikwa, na ikiwepo utaikuta imetajwa waziwazi mahali pa kununulia.

Njia ya tatu ndiyo ninayoipendekeza kwa wale vijana watatu: gemu ambayo leseni yake haihesabu watu. Luanti ilianzishwa mwaka 2010 na Perttu Ahola wa Finland, na hadi Oktoba 2024 ilijulikana kama Minetest. Ni programu huria ya dunia za matofali, inafanya kazi kwenye Windows, Linux, macOS na Android, na leseni yake inakuruhusu kuinakili kwenye flashi na kumgawia umtakaye. Ukitaka kunusurika kwa mtindo unaokaribia Minecraft, ndani yake unapakua gemu ya VoxeLibre au Mineclonia, bila malipo.

Muundo wa Luanti unajibu maswali yote matatu kwa mpigo. Kanuni za mchezo huendeshwa upande wa mwenyeji, naye huwatumia wageni picha, sauti na maumbo wanapoingia. Kwa hiyo kila mtu anasakinisha programu ya Luanti, lakini VoxeLibre inapakuliwa na mwenyeji peke yake. Upande wa utambulisho, kila mgeni hujichagulia jina na nenosiri, na vyote hutunzwa kwenye kompyuta ya mwenyeji. Ile kazi ya kutofautisha mfuko wa nani ni upi inafanyika, bila ya ile nyingine ya kuthibitisha malipo.

Kuianzisha ni kazi ya dakika chache. Mwenyeji anachagua dunia, anaweka alama ya kuwa seva, anaandika jina na nenosiri lake, na kuacha poti ya kawaida, 30000. Asiweke alama ya kuitangaza seva hadharani. Wageni huandika anwani ya mwenyeji na poti hiyo. Ni vizuri wote wawe na toleo moja la Luanti, maana matoleo yaliyopishana sana hukataana. Mwenyeji awe mwenye kompyuta yenye nguvu zaidi. Simu ya Android huingia vizuri kama mgeni, ingawa kujenga kwa vidole kunahitaji uvumilivu.

Kumbuka pia kuwa dunia inakaa kwa mwenyeji. Akizima kompyuta, wote wanatoka. Diski yake ikiharibika, nyumba zenu zote zimekwenda. Baada ya kila kikao nakili folda ya dunia kwenye flashi, gemu ikiwa imefungwa.

Ikiwa moyo umeng'ang'ania gemu ya kulipia, basi soma tangazo la duka kwa macho matatu. Alama ya LAN inakwambia kuwa kompyuta zinaweza kuunganishwa bila intaneti. Idadi ya wachezaji, kama ile ya 10 ya Valheim, inakwambia dunia moja inabeba wangapi. Hakuna kati ya hizo inayotaja nakala ngapi za kulipia. Hilo limeandikwa kwenye masharti ya leseni. Yasipotaja ruhusa ya kuwashirikisha wengine, chukulia kuwa kila mtu atalipia yake, na mpige hesabu hiyo kabla ya wa kwanza kutoa pesa.