TAKA ZA MAKAA YA MAWE: MLIMA USIOLINDWA HUSHUKA

Ukitaja makaa ya mawe mbele ya wengi wetu, mawazo yao hukimbilia moshi. Naam, moshi wake ni mbaya, wala sibishi. Lakini leo nataka tuzungumzie jambo ambalo halitajwi sana: zile taka zinazobaki mgodini baada ya makaa yenyewe kuuzwa. Wahenga walisema mdharau mwiba mguu huota tende, na taka hizi zimedharauliwa mara nyingi.

Taka zenyewe ni zipi? Makaa ya mawe hukaa ardhini kwa matabaka, katikati ya matabaka ya miamba mingine. Mchimbaji hana budi kuivunja miamba hiyo ili ayafikie. Makaa yakishatoka, mara nyingi huoshwa ili yatengwe na mawe na udongo. Basi taka ni za aina mbili. Kwanza kuna vifusi, yaani mawe na udongo, ambavyo hurundikwa hadi vikawa vilima. Pili kuna tope jeusi laini linalotokana na yale maji ya kuoshea, nalo huwekwa kwenye mabwawa.

Mtu anaweza kuuliza, "Sasa mawe na udongo vina hatari gani? Si vilitoka papo hapo ardhini?" Swali zuri. Jibu langu ni neno moja tu: maji.

Hebu twende hadi Wales, nchini Uingereza. Kijiji cha Aberfan kiko bondeni. Kwa muda wa miaka hamsini hivi, mgodi wa Merthyr Vale ulikuwa ukimwaga vifusi mlimani juu ya kijiji hicho. Kufikia mwaka wa 1966 malundo yalikuwa saba. Lundo la saba lilianzishwa mwaka wa 1958, tena mahali penye chemchemi, chemchemi ambazo zilionekana wazi kwenye ramani. Mwaka wa 1963 maafisa wa serikali ya mtaa waliandika barua kueleza hofu yao kwamba tope la makaa lilikuwa likimwagwa nyuma ya shule. Barua zikaandikwa, umwagaji ukaendelea.

Siku ya Ijumaa, tarehe 21 Oktoba 1966, mwendo wa saa tatu na robo asubuhi, lundo hilo liliteleza baada ya majuma kadhaa ya mvua. Lilishuka kwa kasi likaifunika Shule ya Msingi ya Pantglas pamoja na nyumba za jirani. Ilikuwa siku ya mwisho kabla ya likizo ya katikati ya muhula. Watu 144 walifariki, na 116 kati yao walikuwa watoto. Msomaji mwenzangu, hao walikuwa wanafunzi kama mimi na wewe, wamekaa kwenye madawati yao.

Kwa nini mlima mzima utembee? Fikiria mchanga. Ukiwa na unyevu kidogo, chembe zake hushikana ukasimama kama kichuguu. Uujaze maji, nao utatiririka kama uji. Ndivyo ilivyokuwa Aberfan: maji yalijaa katikati ya chembe laini, zikakosa mshiko. Tume ya uchunguzi ilitoa ripoti yake mwaka wa 1967 na kuilaumu bodi ya taifa iliyosimamia migodi hiyo. Hata hivyo, hakuna mfanyakazi wa bodi aliyeshtakiwa wala kufutwa kazi. Ajabu ni kwamba pauni 150,000 zilichukuliwa kutoka kwenye michango ya wafiwa ili kuyaondoa malundo yaliyobaki! Pesa hizo zilirudishwa mwaka wa 1997. Sheria ya kusimamia malundo nayo ilipatikana mwaka wa 1969, mtoto akiwa amekwisha kuzikwa.

Mabwawa ya tope nayo hayana huruma. Huko Buffalo Creek, jimbo la West Virginia nchini Marekani, bwawa lililojengwa kwa vifusi hivyo hivyo vya mgodi lilipasuka tarehe 26 Februari 1972. Watu 125 walikufa, na zaidi ya 4,000 wakabaki bila makao.

Kuna madhara mengine yasiyo na kishindo. Ndani ya vifusi mara nyingi mna madini yaitwayo pairiti, mchanganyiko wa chuma na salfa. Yakiwa chini kabisa ardhini hayana neno. Yakifukuliwa yakapata hewa na maji, hutengeneza asidi. Asidi hiyo huyeyusha metali zilizomo mawenimwe, ikaingia mtoni, samaki wakafa na mawe ya mtoni yakageuka rangi ya kutu. Jambo hili laweza kuendelea miaka mingi baada ya mgodi kufungwa na wenyewe kwenda zao. Aidha, makaa yaliyobaki katika vifusi huweza kushika moto yenyewe kwa yenyewe na kufuka moshi wa sumu.

Je, hakuna dawa? Ipo, tena si uchawi. Kwanza ni kuchagua mahali: vifusi visirundikwe juu ya chemchemi, mkondo wa maji au makazi ya watu. Pili, maji ya mvua yachimbiwe mitaro ya kuyapitisha kando. Tatu, lundo lijengwe kwa matabaka yaliyoshindiliwa, na pande zake ziwe na mteremko mdogo. Nne, lifunikwe kwa udongo na kupandwa nyasi na miti. Baadhi ya vifusi hurudishwa katika mashimo yalikotoka, na vingine hutumika kujengea barabara. Maji ya asidi nayo huwekwa chokaa ili kupunguza ukali wake. Huko eMalahleni, Afrika Kusini, kiwanda kilichofunguliwa mwaka wa 2007 husafisha maji ya migodini hata yakafaa kunywewa.

Zaidi ya hayo yote, lundo lahitaji mlinzi wa kudumu. Mwezi wa Februari 2020, mvua ya dhoruba iliporomosha lundo la zamani huko Tylorstown, Wales hiyo hiyo. Kwa bahati njema hakuna aliyeumia. Mgodi hufungwa, lundo halistaafu.

Pengine unajiuliza mbona nimejitia kusimulia mambo ya ng'ambo. Sababu ni kwamba hapa kwetu Kenya makaa ya mawe yamegunduliwa katika bonde la Mui, Kitui. Wakazi wa sehemu hizo kame huchota maji kwa kufukua mchanga wa mito iliyokauka. Asidi ikiingia humo, watakunywa nini? Mimi sisemi makaa yachimbwe au yasichimbwe; wanaojua uchumi kunishinda wapo. Ninachosema ni kwamba kabla ya tani ya kwanza kutolewa, mwananchi aulize maswali matatu: vifusi vitawekwa wapi, maji yatapitia wapi, na nani atalipa gharama ya ulinzi mgodi ukishafungwa? Katiba yetu ya mwaka wa 2010, kifungu cha 42, inampa kila mtu haki ya kuishi katika mazingira safi. Sheria ya mazingira ya mwaka wa 1999 nayo yataka athari za mradi zichunguzwe kabla haujaanza. Maswali hayo basi si ukorofi, ni haki.

Wanachama wenzangu, kesho baadhi yetu tutakuwa wahandisi, wengine madiwani, wengine wazazi wenye watoto shuleni. Barua ya onyo ikitufikia mezani, tusiifungie kabatini. Usipoziba ufa utajenga ukuta; na huko Aberfan, hata ukuta haukuwarudisha watoto.