Je, Wajua? Kumvi ya Mpunga ni Maganda Mawili

Ukilichuma suke la mpunga uliokomaa katika majaruba ya Shinyanga, ukaitenga punje moja na kuifungua taratibu kwa ukucha, utaona kwamba ile kumvi tuitupayo baada ya kutwanga si ganda moja, bali ni mawili yaliyoshikana kingo kwa kingo. La nje, lililo kubwa, ambalo ncha yake ndiyo huota udevu, wanazuoni wa mimea huliita lema, neno la Kiyunani litokalo katika kitenzi chenye maana ya kumenya. Na la ndani, lililo dogo, huitwa palea, nalo kwa Kilatini ni makapi hasa, yale yale ambayo mama wa Kisukuma huyapeperusha kwa ungo.