Orodha na Mikusanyo ya Bunilizi za Kimarekani

Mwanafunzi atakaye kuzijua bunilizi za Kimarekani hukutana na marejeo ya namna mbili. Kuna orodha, kama ile ya Lyle Wright, ambayo juzuu zake tatu, zilizotoka kati ya 1939 na 1966, zinataja vitabu vilivyochapwa tangu 1774 hadi 1900, vizuri kwa vibaya. Tena kuna mikusanyo, nayo huteua. Orodha hukaa maktabani. Mkusanyo ndio uingiao darasani, na mwandishi asiyemo humo huwa kana kwamba hakuandika.

Ndivyo alivyokuwa Zora Neale Hurston. Riwaya yake, Their Eyes Were Watching God, ilitoka mwaka 1937, lakini alipofariki mwaka 1960 alizikwa katika kaburi lisilo na alama. Mwandishi mwenziwe, Alice Walker, alilitafuta kaburi hilo mwaka 1973 akaliwekea jiwe. Riwaya nayo ikachapwa upya mwaka 1978, bila neno lake kubadilishwa. Library of America, iliyoanza mwaka 1982 na akina Melville na Hawthorne, ilitoa juzuu mbili za Hurston mwaka 1995, miaka 35 baada ya kifo chake.